Kabla Fundi Hajaandika Kaburi la Baba

Mbotela, Nairobi
Jumanne asubuhi

Mwaitu, mama yangu mpendwa,

Nakusalimu kwa heshima, na kwa aibu pia, kama utakavyoona ukiendelea kusoma. Natumaini barua hii inakukuta umeamka salama, goti limetulia, na jicho la kushoto halijazidi kukusumbua. Dada yangu Kalondu aliniambia kwamba siku hizi unamtambua mtu kwa sauti kabla ya kumwona uso. Mimi mwili wangu hauna ugonjwa. Nakula, nalala kidogo, na siku ambazo kuna nyumba ya kupaka rangi naenda kupaka.

Najua utashangaa kupata karatasi badala ya simu. Nimeandika kwa Kiswahili kwa sababu Kikamba changu cha Mbotela kinakuchekesha, na leo sitaki ucheke. Nimeandika pia kwa sababu kwenye simu nimekudanganya, Mwaitu, mara tatu, na najijua: nikisikia sauti yako nitakudanganya ya nne. Mumbua, mke wa jirani yangu yule wa cherehani, anasafiri Kitui keshokutwa kumwona dada yake, na ameniahidi kwamba atapita kwako na kukupa barua hii mkononi. Kama jicho limekataa, Kalondu akusomee, na asiruke chochote kwa kunihurumia.

Sasa jambo lenyewe, kabla sijazunguka. Jumamosi fundi Nzioka anakuja kumalizia kaburi la Baba. Tafadhali mwambie asiandike yale maneno niliyokusomea kwa simu. Saruji aweke, msalaba ausimamishe, jina la Baba na la babu aandike. Yale maneno yangoje kwanza. Ukifika mwisho wa barua utajua sababu, na ukishajua utaamua wewe mwenyewe.

La pili ni kwamba ukumbi wa Baba wa michezo ya kuigiza haupo. Umebomolewa, sasa ni wiki ya nne. Nimeandika sentensi hiyo nikaweka kalamu chini nikaenda kunywa maji, halafu nimerudi na bado iko pale pale kwenye karatasi.

Wewe unaujua ukumbi ule kuliko mimi, lakini niache niuandike jinsi ulivyokuwa, kwa sababu sasa hauko mahali pengine popote, na watoto wa Kalondu hawakuwahi kuuona. Mwanzo ulikuwa bohari la halmashauri, pa kuwekea mikokoteni, ngazi na mapipa ya rangi ya kupaka hizi nyumba zetu. Halmashauri ilipochoka kuzipaka, bohari likabaki na panya. Ndipo Baba na rafiki yake Kariuki, yule fundi wa mawe kutoka Murang'a, wakaenda kuomba ufunguo. Walikuwa wamechoka kuona vijana wa mtaa wakifanya michezo ya kuigiza nje kwenye vumbi, na upepo ukichukua maneno yote.

Jukwaa Baba alilitengeneza kwa mbao za masanduku makubwa ambamo mashine za viwanda vya Industrial Area zilikuja zimefungwa. Alizileta begani, mbili mbili, kila akitoka kazini. Misumari aliikataa. Alisema mwigizaji akikanyaga, msumari hulia, na aliyekaa nyuma atasikia msumari badala ya kumsikia mtu. Kwa hiyo kila ubao uliuingia mwenzake kwa ulimi na tundu, ukakaza wenyewe. Upande mmoja jukwaa lilijipinda kwa sababu kulikuwa na bomba la maji ambalo hakuna aliyekuwa na ruhusa ya kulihamisha, naye Baba, badala ya kukasirika, akalipinda na upande wa pili ili lifanane. Watu wakaja kusema ni ufundi mkubwa. Yeye alisema ni bomba.

Kariuki naye akajenga mahali pa kukaa, ngazi saba pana za mawe na udongo ulioshindiliwa, kila moja juu ya nyingine, ili hata aliyechelewa aone juu ya kilemba cha mama aliyeketi mbele. Paa lilikuwa la mabati. Mvua ikinyesha hakuna aliyesikia neno, basi waigizaji walisimama vilevile walivyokuwa, mkono ukiwa juu unabaki juu, na watu wakangoja mpaka mvua iishe. Nimewahi kumwona mtu amepiga magoti akiomba posa karibu nusu saa.

Lakini ufundi wenyewe ulikuwa kwenye mwanga. Stima haikuwepo, na michezo ilikuwa Jumapili alasiri watu wakitoka kanisani. Baba akatoboa madirisha matano juu kabisa kwenye ukuta wa magharibi, kila moja na kifuniko chake cha bati, na kila kifuniko na kamba yake iliyopita juu ya gurudumu la mbao mpaka nyuma ya jukwaa. Ukivuta ya kwanza, jua linampata aliyesimama kushoto. Ya tatu, katikati. Ukiachia zote, giza, na watu wanajua tukio limekwisha. Ukuta wa mashariki aliupaka chokaa nyeupe sana ili urudishe mwanga kwenye nyuso.

Na aliyevuta kamba ulikuwa wewe. Ulikuwa msichana uliyekuja kukaa kwa shangazi yako, unaona haya kuigiza mbele ya watu, ukapewa kazi ya nyuma. Kwa kuwa mchezo ukiendelea huwezi kuzungumza, Baba alikuandikia ukutani kwa ile penseli yake ya useremala, kando ya kila kamba: hii lini, hii polepole, hii mpaka mwisho. Waliochukua nafasi yako baadaye nao wakaandika yao juu ya yenu. Nilipopata akili, ukuta ule ulikuwa umejaa penseli kutoka kiunoni mpaka mtu anaponyoosha mkono, michezo ya miaka yote, mwandiko wa watu ambao wengine wamezikwa.

Baba hakuwa mtu wa kuandika. Hakutuandikia hata barua moja. Ukiondoa vipimo vya mbao, mwandiko wake wote duniani ulikuwa kwenye ukuta huo. Ndiyo maana, daktari alipokuambia habari ya jicho wakati wa Pasaka, ulisema utakuja Desemba usome ukuta kabla macho hayajafunga. Nami nikajibu, njoo Mwaitu, nitakupa kitanda changu.

Basi ilikuja barua kutoka ofisi fulani ikisema eneo lile linatakiwa kwa nyumba za ghorofa. Tukashtuka, tukauliza huku na huku, tukaambiwa kuna njia moja: tukithibitisha kwamba jengo ni la zamani na lina umbo lake ambalo halipatikani kwingine, linaweza kuachwa. Tuandike maombi, kisha watu watatumwa waje waangalie. Kamati ni sisi watatu. Wanjiru, binti yake Kariuki, anayeuza viatu vya mitumba Jogoo Road, ndiye mwenyekiti. Mimi ni katibu. Wa tatu ni Brayo, mwanamume wa miaka thelathini na kitu ambaye ndiye anayewafundisha waigizaji wa sasa.

Maombi niliyaandika mimi. Niliandika vizuri, Mwaitu, ungefurahi. Niliandika habari ya kamba na madirisha, jukwaa lisilo na msumari, ukuta wa penseli. Wanjiru alilia aliposoma sehemu ya baba yake. Wakatujibu kwamba watakuja baada ya wiki mbili.

Sasa sikiliza tulichofanya. Tulikutana ukumbini, na Wanjiru akaangalia ule ukuta, akashika kiuno.

"Mutinda, mgeni akikuja kwako si hata unafagia?" akasema. "Sasa hawa watu wa ofisi wakuje wapate ukuta imechorwachorwa ka choo ya shule? Na hizo kamba zinaning'inia hivyo? Watasema hatujui kutunza."

Nikasema ni kweli.

Brayo akakuna kichwa. "Lakini wazee, si hizo ndio wanakuja kuona? Mi naonanga tuwache tu vile iko."

"Wewe hujawahi pokea mgeni wa maana," Wanjiru akamwambia, na mimi nikacheka. Nakuomba ukumbuke hapo kwamba nilicheka.

Unajua jinsi tulivyo. Mkubwa akisemekana anakuja, hata mawe ya barabarani tunayapaka chokaa. Tukachanga, majirani wakachanga, na kila mtu akaleta alichoweza. Kamba tulizitoa kwa kuwa zilikuwa zimechakaa. Vifuniko vya bati tukavitoa, tukaweka vioo. Tukavuta stima kutoka kwa jirani, tukaning'iniza balbu sita. Jukwaa tulilifunika zulia jekundu, tukalipigilia misumari pembeni. Na ukuta, kwa sababu mimi ndiye fundi wa rangi, ukawa wangu.

Fundi mbovu angepaka juu juu, na leo labda kungekuwa na kitu chini. Mimi si fundi mbovu. Najua penseli hutokeza kwenye rangi baada ya muda, ikaacha vivuli vichafu. Kwa hiyo niliupiga msasa kwanza, ukuta mzima, siku mbili, nikifunga kitambaa puani. Ulikuwa ukitoka vumbi la kijivu linakaa kwenye nyusi. Mwandiko wa Baba niliuona. Sitakwambia kwamba sikuuona. Kuna mstari mmoja nilisimama nikausoma, kisha nikajiambia kwamba Mwaitu anayajua haya kwa moyo, na kwamba ukumbi ukiokoka Baba mwenyewe angefurahi, nikaendelea. Nikaziba nyufa, nikapaka rangi ya kwanza, nikapaka krimu mara mbili. Ulipendeza sana. Watu walikuja kuupapasa.

Alitumwa dada mmoja mpole, na kamera shingoni, na nakala ya maombi yangu mkononi. Tulimpokea kwa soda na keki. Akatembea mbele na nyuma, akisoma karatasi, akiinua macho, akisoma tena.

"Hizi kamba mmeandika hapa ziko wapi?" akauliza.

"Tulirekebisha, madam," Wanjiru akasema. "Sasa ni stima."

"Na huu ukuta ulioandikwa?"

Nikamwonyesha. Aliweka kiganja juu ya rangi yangu. "Imepakwa lini?"

"Wiki iliyopita," nikasema, na nilisema kwa majivuno, Mwaitu, kwa sababu nilidhani anaisifu.

Yule dada alikaa kwenye ngazi ya Kariuki, akakunja karatasi. Hakukasirika. Afadhali angekasirika. "Wazee," akasema, "mimi nilikuja kuona ule ukumbi wa kwenye barua."

Hapo ndipo nilipoelewa. Wanjiru hakuelewa mara moja, aliendelea kumbembeleza achukue keki nyingine. Brayo alitoka nje akatugeuzia mgongo. Yule dada alijitahidi, nakiri, akainua pembe ya zulia akapiga picha za mbao, akauliza kama vifuniko vya bati bado tunavyo. Tulikuwa tumemuuzia mtu wa vyuma vikuukuu. Majibu yalikuja baadaye yakisema jengo limebadilishwa na halina umbo lake la asili, na sina wa kumlaumu kwa maneno hayo kwa sababu ni ya kweli.

Tingatinga lilikuja saa tatu asubuhi. Wanjiru alikuwa ameleta kiti chake cha plastiki akaketi ng'ambo ya barabara. Ukuta wa magharibi ulianguka kwa pigo moja. Ngazi za Kariuki zilisumbua kidogo. Lakini jukwaa, Mwaitu, lilikataa. Walipojaribu kulinyanyua ubao mmoja mmoja, mbao zote ziliinuka pamoja kwa kuwa zimeshikana, na dereva akazima mashine akashuka. Akapiga magoti akaangalia chini yake. "Nani alitengeneza hii kitu?" akauliza. Brayo akanionyesha kwa kidole akasema, "Babake huyu." Dereva akanipa mkono, mkono wa pole kabisa, kama wa matangani. Kisha akapanda akalivunja, maana ni kazi yake.

Nilipata mbao mbili nzima. Nimeziweka chini ya kitanda na siwezi kuziangalia. Nilirudi pia kwenye kifusi kutafuta vipande vya ule ukuta, nikavipata, nikakwangua rangi kwa kisu kwa uvumilivu wote wa kazi yangu. Chini yake kulikuwa na plasta tupu. Niliifanya kazi yangu vizuri mno. Nililia pale kwenye kifusi, mtu mzima kama mimi, na watu wakapita wakijifanya hawanioni.

Sasa nikueleze habari ya simu. Jumapili ya kwanza baada ya hapo uliuliza ukuta ukoje, nikasema upo. Jumapili ya pili ukaniambia jicho limezidi, huenda Desemba usiweze kusafiri, basi niende ukumbini nikusomee ule mstari wa kamba ya tano. Ulisema ndio wa kwanza kabisa Baba aliokuandikia, kwamba maneno yake umeyasahau lakini unakumbuka ulirudi kwa shangazi yako ukitabasamu njia nzima. Nikasema naenda, nitakupigia. Sikwenda popote, pa kwenda hapakuwepo. Nilikaa kitandani nikangoja kiasi cha mtu kwenda na kurudi, nikakupigia nikasoma: "Syokau, ukivuta hii, katika watu wote nakuona wewe peke yako."

Ukasema, "Nilikuwa nimesahau kwamba aliniandikia hivyo." Na sauti yako ilikuwa ya msichana. Ningewezaje kukwambia hapo?

Jumapili iliyopita ulinieleza umewaambia akina mama wa kanisa, na kwamba fundi Nzioka atayaandika kwenye saruji kabla haijakauka. Nikasema ni vizuri. Huo ndio uongo wa tatu. Mwaitu, Baba hakukuandikia maneno hayo. Niliyatunga mimi, nimevaa soksi, nikikodolea macho ukuta wa chumba changu. Nimejaribu kujiambia kwamba hayana madhara, kwamba yanakupa furaha na macho yako hayatakuja kuthibitisha. Lakini nikifikiria watoto wa Kalondu wakisoma kaburi la babu yao, na yale ni maneno yangu, naona afadhali nikuandikie.

Nisalimie Kalondu, na mumewe aliyetujengea choo kipya bila kulalamika. Nisalimie mjomba mkubwa, mwambie redio yake nimeitengenezesha. Nisalimie mama Mwikali wa ng'ambo ya mto, na mchungaji, ingawa yeye sijui nitamtazama vipi. Wanjiru anakusalimu. Amesema niandike kwamba ni yeye aliyesema neno la kufagia, lakini mimi ndiye niliyeshika msasa.

Mimi nitafika Jumamosi mapema, kabla ya fundi. Sitabisha hodi. Nitasimama pale langoni mpaka uniite, na usiponiita nitaelewa, nitarudi Nairobi siku hiyohiyo na sitamwambia mtu kwamba nilikuja.

Kimebaki kitu kimoja, nimekikwepa tangu mwanzo wa karatasi. Ule mstari niliousoma kabla ya kuufuta ulikuwa huohuo wa kamba ya tano. Kwa hiyo siku uliponiomba nikusomee, maneno ya kweli ya Baba nilikuwa nayo kichwani, na ninayo hata sasa. Aliandika hivi: "Syokau, hii inakata mkono. Shika na kitambaa, nimekufungia hapo chini." Ni hayo tu. Niliyaona ni madogo, Mwaitu, nikayafuta. Na uliponiuliza, nikaona bado ni madogo.

Ni mimi mwanao,
Mutinda